Kamera Bila Tajiri: Filamu Huru Kisiwani Unguja

Mji Mkongwe wa Zanzibar ulikuwa mji wa watazamaji filamu kwa miongo mingi kabla ya kuwa na watengenezaji wake. Watu walipanga foleni kwenye majumba ya senema ya Vuga na Darajani, wakazijua nyuso za nyota wa Bombay na Cairo kuliko za viongozi wao, na wakarudi nyumbani wakiimba. Kamera ilipofika mikononi mwa watu wa Afrika Mashariki, haikuja na studio wala kampuni kubwa, na hapakuwa na tajiri wa kulipa mishahara. Aliyetaka kutengeneza filamu Unguja ilimbidi aandike, aongoze, atafute fedha, awafundishe waigizaji, na mwisho atafute hata mahali pa kulitandika pazia. Kwa hiyo uhodari wa kazi nyingi unaosifiwa kwa watu kama Martin Mhando, Ron Mulvihill, Imruh Bakari na Amil Shivji, kwa sehemu kubwa, ni mtoto wa uhaba.

Biashara ya senema Unguja ilianzia hemani. Katika miaka ya 1910 mfanyabiashara Hasanali Adamji Jariwalla alikuwa akionyesha filamu zisizo na sauti chini ya turubai, na mwaka 1921 akafungua jumba lenye kuta na paa, Royal Theatre, huko Vuga. Ramani yake ilichorwa na J. H. Sinclair, ofisa wa Kiingereza ambaye mkono wake unaonekana pia kwenye Mahakama Kuu na jumba la makumbusho la Beit el Amani. Jambo hilo lina maana yake. Jumba la senema lilihesabiwa kuwa jengo la heshima, la kusimama sambamba na mahakama. Baadaye likaitwa Majestic. Liliteketea kwa moto mwaka 1953, na mwaka 1955 likafunguliwa upya kwa mtindo wa kisasa wa wakati ule, wa mistari iliyonyooka na pembe za mviringo, kwa mchoro wa Dayalji Pitamber Sachania. Kufikia hapo mji ulikuwa na majumba matatu: Majestic, Empire upande wa Darajani, na Sultana, ambalo baada ya Mapinduzi ya 1964 liliitwa Cine Afrique.

Kwa mji mdogo kama ule, majumba matatu ni mengi, na yalijaa. Siku za Idi tiketi ziliishia mikononi mwa walanguzi, nao wakaziuza kwa bei waliyotaka. Mkanda mmoja uliweza kuonyeshwa katika majumba mawili usiku uleule. Rili ya kwanza ikimalizika katika jumba moja, kijana huifunga nyuma ya baskeli na kukata vichochoro kuipeleka la pili, kisha hurudi kuchukua inayofuata. Akichelewa, watazamaji wa huko hukaa gizani wakipiga miluzi. Filamu za Kihindi ndizo zilizotawala. *Awara* ya Raj Kapoor ya mwaka 1951 na *Mother India* ya Mehboob Khan ya 1957 zilitazamwa na watu wa kila kabila, na wapo waliozijua nyimbo zake neno kwa neno bila kujua lugha yenyewe. Waimbaji wa taarab walizichukua tuni za filamu hizo na kuzitungia mashairi ya Kiswahili, kazi iliyodumu miaka mingi. Kwa hiyo mtengenezaji filamu aliyekuja baadaye hakukuta watu wasiojua senema. Alikuta watu waliozoea hadithi ndefu yenye muziki ndani, mapenzi yanayozuiliwa na wazee, na machozi ya saa tatu. Ilimpasa awape kitu hicho, au awe na sababu nzuri ya kuwanyima.

Kutengeneza kulikuwa jambo la wageni na la serikali. Huko bara, mwanzoni mwa miaka ya 1950, kampuni ya Afrika Kusini ilitengeneza filamu fupi za Kiswahili kwa ajili ya serikali ya Tanganyika, mojawapo ikiwa *Muhogo Mchungu*, ambamo aliigiza Rashidi Mfaume Kawawa, aliyekuja kuwa Waziri Mkuu. Zanzibar iliingia kwenye pazia la dunia kwa njia nyingine kabisa. Mnamo Januari 1964, siku chache baada ya Mapinduzi, Waitaliano Gualtiero Jacopetti na Franco Prosperi walipiga picha kisiwani kutoka angani, wakaziingiza katika filamu yao *Africa Addio* ya mwaka 1966. Filamu hiyo imelaumiwa vikali kwa dharau yake kwa Waafrika, lakini picha zake za Unguja zimeendelea kutumiwa na kubishaniwa mpaka leo. Ukizitazama, watu wanaonekana kama nukta zinazokimbia pwani. Hakuna jina, hakuna sauti, na hakuna mlango hata mmoja uliofunguliwa.

Baada ya Mapinduzi majumba ya senema yakataifishwa. Mwaka 1973 serikali ilianzisha Televisheni Zanzibar, iliyokuwa ya rangi tangu mwanzo, jambo la ajabu kusini mwa Sahara wakati ule. Polepole watu wakaanza kutazama picha nyumbani au barazani kwa jirani. Video zikaja katika miaka ya 1980, na majumba yakadhoofika: viti vikavunjika, projekta zikakosa vipuri. Empire ikaishia kuwa duka.

Filamu huru za Tanzania zilianza wakati huohuo, kana kwamba mlango mmoja ulikuwa ukifungwa na dirisha likifunguliwa. Kampuni ya Filamu Tanzania, iliyoundwa mwaka 1968, ilikuwa shirika la umma lenye kazi ya kuagiza na kusambaza filamu na, pale fedha zilipopatikana, kuzitengeneza. Fedha hazikupatikana mara nyingi. Humo ndimo alimopita Martin Mhando, mwongozaji wa Kitanzania, aliyegundua mapema kwamba njia ya kutengeneza filamu katika nchi isiyo na fedha za filamu ni kuungana na mtu wa mbali mwenye shida kama yako. Mtu huyo alikuwa Ron Mulvihill, Mmarekani aliyesomea filamu Chuo Kikuu cha California, Los Angeles, na mwenye kampuni ndogo iitwayo Gris-Gris. Mwaka 1985 Mulvihill, akishirikiana na Nangayoma Ng'oge, alitoa *Arusi ya Mariamu*, filamu fupi ya zaidi kidogo ya nusu saa. Inamhusu mwanamke kijana mgonjwa ambaye madaktari wa hospitali hawakuweza kumsaidia, na mumewe anataka kumpeleka kwa mganga wa kienyeji. Mwanamke anaogopa, na hofu yake ina asili katika mambo aliyoyaona utotoni. Amandina Lihamba, msomi wa sanaa za maonyesho wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, ni miongoni mwa walioigiza. Mwaka uleule filamu ilipata tuzo katika tamasha la FESPACO huko Ouagadougou, Burkina Faso.

Tofauti yake na filamu za maelekezo zilizoizunguka iko wazi. Filamu za serikali, za kikoloni na hata za baada ya uhuru, zilimfundisha mwananchi: chemsha maji, lima kwa mistari, jiunge na kijiji. *Arusi ya Mariamu* haimfundishi mtu. Mganga hafanywi kichekesho, daktari naye hafanywi adui. Kwa mtazamaji wa leo mwendo wake ni wa polepole mno, lakini uso wa Mariamu unapewa muda ambao filamu za maelekezo hazikuwahi kumpa mwanamke wa kijijini.

Ushirikiano wa Mhando na Mulvihill ulizaa kazi moja kubwa, *Maangamizi*, iliyokamilika mwaka 2001 baada ya miaka mingi ya kutafuta fedha. Daktari wa magonjwa ya akili, Mmarekani mweusi anayeigizwa na Barbara-O, anafika Tanzania na kukutana na mgonjwa ambaye hajatamka neno kwa miaka mingi. Mgonjwa huyo, Samehe, anaigizwa na Lihamba. Mzimu wa bibi mkongwe unawaunganisha. Barbara-O alikwisha kujulikana kwa filamu za Haile Gerima na Julie Dash, waongozaji waliosoma chuo kilekile cha Los Angeles na waliojitenga kwa makusudi na Hollywood. Mwongozaji maarufu Jonathan Demme aliiunga mkono filamu hiyo kama mtayarishaji mtendaji. *Maangamizi* ikawa filamu ya kwanza kuwasilishwa na Tanzania kugombea tuzo ya Oscar ya filamu ya lugha ya kigeni. Haikuteuliwa. Ilipita miaka zaidi ya ishirini kabla ya Tanzania kuwasilisha nyingine, na hiyo ya pili ilitoka kwenye vichochoro vya Unguja.

Katikati ya *Arusi ya Mariamu* na *Maangamizi* kulitokea jambo lililoubadilisha mji. Mwaka 1997 iliundwa taasisi ya kuandaa tamasha la filamu Zanzibar, na mwaka 1998 tamasha la kwanza likafanyika, likiitwa Tamasha la Nchi za Jahazi, ambalo wengi hulijua kwa herufi za jina lake la Kiingereza, ZIFF. Jina la jahazi halikuwa pambo. Upepo wa kaskazi na wa kusi ulikuwa umeiunganisha Unguja na Oman, Uajemi, Bara Hindi na Komoro kwa karne nyingi, na waandaaji waliona kwamba filamu za nchi hizo zina haki ya kukutana katika bandari ileile. Kwa mji ambao babu zake walilia na Raj Kapoor, hoja hiyo haikuhitaji kuelezwa sana.

Mahali palipochaguliwa ni Ngome Kongwe, iliyojengwa na Waarabu wa Oman mwishoni mwa karne ya 17 juu ya mabaki ya kanisa la Wareno, ikitazama bustani ya Forodhani. Ndani yake kuna uwanja wa ngazi za mawe uliozunguka jukwaa. Tamasha huwekwa wakati wa kipupwe, masika yakishapita, kwa sababu ukumbi hauna paa na mvua moja ya masika ingelimaliza lote. Jua likizama pazia hutandikwa, na mwanga wa projekta hupita juu ya vichwa vya watu hadi ng'ambo ya pili, popo wakiukata. Watalii hukaa na mito yao, vijana wa mtaani hukaa juu kabisa karibu na ukuta wa matumbawe, na akina mama wenye mabuibui huja na watoto na karanga. Filamu ikichosha, watu huzungumza, na mwongozaji aliyekaa safu ya mbele husikia kila neno. Vilevile filamu zilipelekwa mashamba, katika vijiji vya Unguja na Pemba, ambako jenereta na pazia la kukunja vilirudisha desturi ya magari ya senema ya zamani.

Wasimamizi wa tamasha hilo walikuwa wenyewe watengenezaji filamu, na hapo panaonekana tena mtu mmoja akibeba mizigo mitatu. Imruh Bakari, aliyeliongoza katika miaka yake ya mwanzo, ni mzaliwa wa St Kitts aliyekulia kikazi Uingereza. Alikuwa mmoja wa waanzilishi wa Ceddo, kikundi cha watengenezaji filamu weusi wa London katika miaka ya 1980 kilichochukua jina la filamu ya Ousmane Sembène, na kazi zake zinagusa ghasia za mitaani, uchoraji na muziki wa jazi wa wakimbizi wa Afrika Kusini. Zaidi ya hayo ni mshairi. Martin Mhando naye, baada ya miaka ya kufundisha katika Chuo Kikuu cha Murdoch nchini Australia, alishika uongozi wa tamasha mwaka 2007 na kukaa karibu miaka kumi. Mtu aliyewahi kuhangaikia fedha za filamu yake mwenyewe sasa alihangaikia fedha za kuonyesha filamu za wenzake. Yapo malalamiko kwamba miaka hiyo ilimnyima nafasi ya kuongoza filamu zaidi. Pengine ni kweli, lakini bila miaka hiyo kizazi kilichofuata kisingekuwa na mahali pa kuanzia.

Tamasha lilizaa pia filamu kuhusu Unguja yenyewe, nyingi zikiwa za muziki, kwa sababu muziki ndio uliomfanya mgeni ashuke chomboni. Mwingereza Andy Jones alimfuata mwimbaji wa taarab Bi Kidude kwa kamera, na mwaka 2006 akatoa *As Old as My Tongue*, inayomwonyesha bibi huyo akiwa jukwaani Ulaya na akiwa nyumbani akivuta sigara na kupiga ngoma ya unyago. Bi Kidude alifariki tarehe 17 Aprili 2013, na filamu hiyo imebaki kuwa kumbukumbu kubwa ya sauti na tabia yake. Mulvihill alirudi peke yake na mwaka 2016 akatoa *Poetry in Motion*, juu ya Nadi Ikhwan Safaa, kikundi cha taarab kilichoanzishwa mwaka 1905. Miaka zaidi ya 30 ilikuwa imepita tangu *Arusi ya Mariamu*. Aliyekuja kutafuta hadithi ya mganga alimalizia kwenye udi na fidla.

Haya yote yanaweza kumpotosha msomaji akadhani kwamba Unguja nzima ilikuwa ikitazama filamu za matamasha. Haikuwa hivyo. Kuanzia miaka ya 2000 Dar es Salaam iliibua biashara ya Bongo Movie, filamu za video zilizopigwa kwa siku chache na kuuzwa Kariakoo, na mtumiaji wa Unguja alizipata kwenye meza za DVD za Darajani siku chache baadaye. Steven Kanumba, nyota wa filamu hizo aliyefariki Aprili 2012, alijulikana Unguja kuliko mwongozaji yeyote aliyewahi kupanda jukwaa la Ngome Kongwe. Filamu hizo nazo zilikuwa huru kwa maana ya kutokuwa na studio, lakini zilikuwa na msambazaji, na msambazaji ndiye aliyekuwa akiamua zirefushwe hadi sehemu ya pili au ziishie ya kwanza. Mtengenezaji wa tamasha hakuwa na bwana huyo. Hakuwa na soko lake pia.

Katika pengo hilo ndimo alimoingia Amil Shivji. Alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1990, mtoto wa mwanazuoni wa sheria Issa Shivji, akasomea filamu Chuo Kikuu cha York, Toronto, na kurudi nyumbani kuanzisha kampuni aliyoiita Kijiweni. Jina hilo ni programu ya kazi kwa neno moja: kijiwe ni pale vijana wanapokaa kungoja kibarua, kupiga soga na kuichambua serikali. Filamu fupi yake *Shoeshine* ya mwaka 2013 inakaa hapohapo. Kijana mng'arisha viatu yuko pembeni mwa barabara, na nchi nzima inapita mbele yake ikimwekea mguu: tajiri, mwanasiasa, mtu asiye na kitu. Kamera iko chini, urefu wa kiatu. Mwaka uliofuata alitoa *Samaki Mchangani*.

Filamu yake ndefu ya kwanza, *T-Junction*, ilifungua tamasha la Zanzibar mwaka 2017. Fatima, binti mwenye asili mchanganyiko, amefiwa na baba waliyekuwa hawaelewani. Hospitalini anakutana na Maria, ambaye humsimulia mambo ya watu wa njiapanda yao. Hadithi ndani ya hadithi ni mbinu ya zamani sana ya pwani, na Shivji anaitumia kwa utulivu, bila kelele. Kisha akageukia filamu ya kumbukumbu. *Wahenga*, aliyoifanya na Rebecca Corey, inawahusu wanamuziki wa zilipendwa, wazee waliozoea kupiga mbele ya umati na sasa wanatafuta mahali pa kupiga. Filamu fupi, filamu ndefu, filamu ya kumbukumbu, yote ndani ya miaka michache, na katikati yake kuandika, kutayarisha na kufundisha.

Kazi iliyomleta Unguja ni *Vuta N'Kuvute*. Riwaya ya jina hilo, ya Adam Shafi, ilichapishwa mwaka 1999 na Mkuki na Nyota, na imesomwa na wanafunzi wengi mno hata wahusika wake wamekuwa kama majirani. Shafi ni mzaliwa wa Zanzibar wa mwaka 1940, aliyekwisha kuandika *Kasri ya Mwinyi Fuad* na *Kuli*, na aliyewahi kuwekwa kizuizini baada ya kuuawa kwa Rais Abeid Amani Karume mwaka 1972. Riwaya inarudi miaka ya mwisho ya ukoloni. Yasmin, msichana wa Kihindi, ameozwa Bwana Raza, mtu wa umri wa baba yake. Anatoroka na kukimbilia Ng'ambo kwa rafiki yake Mwajuma, na huko anapendana na Denge, kijana aliyesoma Urusi na kurudi na vitabu vinavyotafutwa na polisi.

Mtu asiyeijua Unguja hataona uzito wa kitendo hicho cha kuvuka. Mji Mkongwe na Ng'ambo vilitengwa na mkono wa bahari, na pale palipokuwa na daraja ndipo panapoitwa Darajani mpaka leo, ingawa maji yalikwisha kufukiwa na barabara kupita juu yake. Upande mmoja palikuwa na nyumba za mawe za Waarabu, Wahindi na Wazungu, upande wa pili nyumba za udongo na makuti za wafanyakazi na watumwa walioachwa huru. Msichana wa Kihindi kuvuka usiku kwenda kulala Ng'ambo ni kujivua jina, ukoo na heshima kwa mwendo wa dakika kumi. Riwaya ina nafasi ya kueleza hayo kwa kurasa. Filamu inayo miguu ya Yasmin, shela yake, na mlango wa Mwajuma unaofunguliwa.

Shivji aliandika mswada pamoja na Jenna Bass wa Afrika Kusini, na mtayarishaji mwenzake alikuwa Steven Markovitz, wa Afrika Kusini vilevile. Walipunguza kwa mkono mzito. Safari za Yasmin za Mombasa na Tanga, ambazo katika kitabu zinachukua sehemu kubwa na kumpeleka kwenye ndoa nyingine, hazimo. Kilichobaki ni mapenzi ya wawili hao, siasa za usiku, na jela. Wapo wasomaji waliokasirika, na wana haki yao: ucheshi wa Shafi, maneno yake ya mtaani, Koplo Matata anayejipendekeza kwa Inspekta Wright, vyote hivyo vimepungua. Lakini filamu ya saa moja na nusu haiwezi kubeba riwaya ile nzima bila kugeuka mfululizo wa televisheni. Shivji alichagua ukimya mahali Shafi alipochagua mazungumzo. Rangi ni nzito, vyumba vina giza, na watu huonekana mara nyingi kupitia madirisha ya nakshi au nusu ya mlango.

Mwajuma aliigizwa na Siti Amina, mwimbaji wa Zanzibar, na hilo lilikuwa chaguo la busara kuliko yote. Mwajuma wa kitabu ni mwanamke wa taarab, mkarimu na mwenye ulimi, na hakuna shule ya uigizaji inayoweza kumfundisha mtu namna mwimbaji wa Unguja anavyoshika leso na kugeuza shingo kabla ya kuanza ubeti. Yasmin ni Ikhlas Gafur Vora, na Denge ni Gudrun Columbus Mwanyika. Muziki ulitungwa na Amine Bouhafa wa Tunisia.

Kuirudisha Unguja ya miaka ya 1950 si kazi ya kusimama na kamera. Mji Mkongwe uliingizwa katika orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO mwaka 2000, na kuta zake zimehifadhika, lakini kati ya kuta hizo zimetanda nyaya za umeme, madishi ya setilaiti, mabomba ya plastiki na mabango ya maduka ya watalii. Kichochoro kinachofaa kwa picha ndicho njia ya watu kwenda msikitini na pikipiki kwenda Shangani. Kwa hiyo kila filamu ya zamani inayopigwa hapo hubana fremu: upande huu ukuta, upande ule ukuta, juu kipande cha anga. Ubanaji huo, uliotokana na shida, katika *Vuta N'Kuvute* umegeuka kuwa maana, kwa sababu wahusika wenyewe wamebanwa. Kuna na vibali. Zanzibar ina Baraza lake la Sanaa, Sensa, Filamu na Utamaduni, BASSFU, mbali na Bodi ya Filamu ya bara, na mtengenezaji wa Dar es Salaam anayevuka bahari na kamera hukuta ofisi ya pili ikimsubiri. Fedha nazo zilikusanywa vipande vipande. Filamu ilisajiliwa kuwa ya Tanzania, Afrika Kusini, Qatar na Ujerumani.

Mnamo Septemba 2021 ilionyeshwa kwa mara ya kwanza katika tamasha la Toronto, ikiwa filamu ya kwanza ya Tanzania kuchaguliwa huko, na mwezi uliofuata ikawa katika mashindano ya FESPACO. Mwaka 2022 Tanzania iliiwasilisha kugombea Oscar, mara ya pili tu, baada ya *Maangamizi*. Mwaka huohuo ilirudi Unguja, katika tamasha la 25. Watu walizitambua nyumba kabla ya kuwatambua waigizaji. Kwa mara ya kwanza kamera iliyoizungumzia siasa ya Unguja haikuwa imening'inia angani. Ilikuwa chumbani kwa Mwajuma, karibu na kitanda cha besera, ikisikiliza.

Jumba la senema la kuipokea halikuwepo. Cine Afrique ilikuwa imefungwa zamani. Majestic ya Vuga bado ilisimama na uso wake wa mwaka 1955, lakini paa lake lilikwisha kuanguka, na taasisi ya Hifadhi Zanzibar imekuwa ikipigania ifufuliwe iwe tena mahali pa filamu na sanaa. Vijana wa Ng'ambo hutazama mpira na filamu zilizotafsiriwa kwa sauti ya Kiswahili kwenye vibanda umiza, au hutazama kwenye simu. Msimu wa tamasha ukifika, pazia hutandikwa tena Ngome Kongwe, na waongozaji wapya wa kisiwani, wengi wao wakiwa ni wapiga picha za harusi kwa siku nyingine za mwaka, huleta filamu zao fupi kwenye diski ndogo mfukoni.